Ukarabati wa SSD kwa kuandika upya programu ya kidhibiti

Ukarabati wa SSD kwa kuandika upya programu ya kidhibiti ni njia ya kufufua diski ya SSD iliyoacha kufanya kazi kwa sababu programu inayoiendesha kutoka ndani imeharibika. Fundi habadilishi chipu wala hachomelei kitu. Kwa kutumia kompyuta nyingine anairudishia diski programu ileile iliyotoka nayo kiwandani, au toleo jipya zaidi la programu hiyo. Mafundi wa Tanzania huiita kazi hii "kufleshi", neno walilolizoea kwenye simu kabla SSD hazijaenea.

Njia hii huponya baadhi ya hitilafu tu, na mara nyingi hurudisha diski bila kurudisha mafaili yaliyokuwemo. Kwa sababu hiyo mwenye kifaa hupaswa kuulizwa mapema kama anachotaka ni diski itumike tena au ni kilichomo ndani yake. Hizo ni kazi mbili tofauti. Diski ikishafleshiwa bila mpango, kazi ya kuokoa mafaili huwa ngumu mno au haiwezekani kabisa.

Muundo wa SSD

Diski kuu za zamani zina sahani zinazozunguka na kichwa kinachosoma juu yake. SSD haina sehemu yoyote inayozunguka. Ndani yake kuna ubao mdogo wenye chipu za kumbukumbu ya fleshi ya aina ya NAND, iliyobuniwa na Fujio Masuoka na wenzake katika kampuni ya Toshiba ya Japani na kutangazwa mwaka 1987. Ni aina ileile ya kumbukumbu iliyomo katika simu na katika fleshi za USB. Pembeni mwa chipu hizo kuna chipu nyingine inayoitwa kidhibiti, ambayo kwa kweli ni kompyuta ndogo yenye prosesa yake, kumbukumbu yake ya kufanyia kazi na programu yake.

Kidhibiti kinahitajika kwa sababu ya tabia ya NAND. Kumbukumbu hii huandikwa ukurasa mmoja mmoja, lakini hufutwa kwa bloku nzima yenye mamia ya kurasa. Ukurasa ulioandikwa hauwezi kuandikwa upya mpaka bloku yake yote ifutwe, na kila kufutwa huichakaza bloku hiyo kidogo. Ili bloku zote zichakae kwa usawa, kidhibiti hakiweki data mahali palepale kompyuta inapodhani zimewekwa. Huziweka popote penye nafasi, kisha huandika katika jedwali kwamba kipande cha data cha namba fulani sasa kiko katika ukurasa fulani wa bloku fulani. Jedwali hilo hubadilika muda wote diski inapotumika. Pamoja nalo kidhibiti hutunza orodha ya bloku mbovu, maana karibu kila chipu ya NAND hutoka kiwandani ikiwa na bloku kadhaa zisizofaa.

Msomaji anaweza kufikiria maktaba ya shule ambayo mkutubi wake huweka vitabu popote penye nafasi na kuandika mahali pake katika daftari moja tu. Siku daftari likiungua, vitabu vyote vitakuwa bado viko rafuni lakini hakuna atakayeweza kutafuta kimoja. Hali ya SSD ni mbaya kuliko hiyo, kwa kuwa vitabu vyake vimechanwa karatasi moja moja na kusambazwa katika rafu zote. Zaidi ya hayo, vidhibiti vingi husimba data kwa ufunguo wa siri unaokaa ndani ya diski hata kama mtumiaji hakuweka nywila yoyote. Ndiyo maana kuzing'oa chipu za NAND na kuzisoma kwenye mashine nyingine, jambo linalowezekana kwa fleshi nyingi za zamani, kwa SSD nyingi za leo hutoa takataka tupu.

Jinsi diski inavyoamka na jinsi inavyoshindwa

Umeme unapofika kwenye SSD, kinachoanza kufanya kazi ni msimbo mfupi uliochongwa ndani ya kidhibiti chenyewe, ambao haufutiki. Kazi yake kubwa ni kwenda kuitafuta programu kuu. Katika SSD nyingi programu hiyo huhifadhiwa katika eneo maalumu la chipu zilezile za NAND zinazobeba mafaili ya mtumiaji. Programu kuu ikishapakiwa husoma majedwali, na hapo ndipo diski hujitambulisha kwa kompyuta kwa jina la chapa, namba ya kifaa na ukubwa.

Programu kuu isiposomeka, diski hubaki katika hali ya awali, na hali hiyo ina dalili zake. Mfano unaojulikana sana ni kidhibiti PS3111-S11 cha kampuni ya Phison ya Taiwan, kilichotumika katika SSD nyingi za bei nafuu za chapa mbalimbali. Kikishindwa kupakia programu yake, diski huacha kujiita kwa jina lililoandikwa kwenye kibandiko na kuanza kujiita SATAFIRM S11. Vidhibiti vya SandForce vya kizazi cha pili vilipokwama vilionesha diski yenye ukubwa wa kilobaiti 32. Diski nyingine huonesha megabaiti chache tu, nyingine huigandisha kompyuta inapowashwa, nyingine hazionekani hata kwenye BIOS. Mtumiaji anayekuta diski yake ya gigabaiti 240 imegeuka kitu chenye jina asilolijua hudhani ameingiliwa na virusi. Sivyo.

Chanzo kinachotajwa mara nyingi ni umeme kukatika ghafla wakati kidhibiti kinaandika jedwali lake. SSD za seva huwekewa kapasita zinazotunza umeme wa kutosha kumalizia kazi hiyo. SSD nyingi za kompyuta za kawaida hazina. Chanzo kingine ni uchakavu: bloku zinazobeba programu nazo ni NAND, nazo huchoka. Mara nyingine kosa liko katika programu yenyewe, jinsi ilivyoandikwa kiwandani.

Makosa ya kiwandani yaliyojulikana

Mwaka 2011 watumiaji wa SSD za Intel za mfululizo wa 320 walianza kukuta diski zao zimeshuka na kuwa za megabaiti 8 baada ya umeme kukatika. Mwezi Agosti mwaka huo Intel ilitoa programu mpya iliyozuia tatizo lisitokee. Kwa diski iliyokwisha kuathirika, dawa ilikuwa kuifuta yote kwa amri maalumu. Diski ilirudi na mafaili hayakurudi.

SSD za Crucial za aina ya m4 zilikuwa na kosa tofauti. Zilipotimiza saa 5,184 za kuwashwa, sawa na siku 216, ziliacha kuitikia. Zilipozimwa na kuwashwa zilifanya kazi kwa muda wa kama saa moja, kisha zikakwama tena. Toleo 0309 la programu, lililotolewa Januari 2012, liliondoa kosa hilo bila kugusa mafaili, kwa kuwa lililoharibika hapo lilikuwa hesabu ya saa wala si jedwali.

Kisa kizito kuliko vyote kilitangazwa na kampuni ya HPE mwezi Novemba 2019. Aina kadhaa za SSD zake za seva zilikuwa zinakufa zinapotimiza saa 32,768 za kuwashwa, yaani miaka 3, siku 270 na saa 8. Wanafunzi wa hisabati wataitambua namba hiyo: ni 2 iliyopandishwa kwa kipeo cha 15, na ndipo hesabu ya biti 16 yenye alama ya chanya na hasi hufurika. Kampuni ilieleza wazi kwamba diski ikishafikia saa hizo, si yenyewe wala data zake zinazoweza kurudishwa. Seva zilizofungwa siku moja zilikuwa na diski zilizotimiza saa hizo kwa pamoja, hivyo hata mpangilio wa kuhifadhi nakala katika diski mbili za seva moja haukuwa kinga. Programu mpya ilifaa kwa yule tu aliyeiweka mapema.

Namna kazi inavyofanyika

Fundi mwangalifu huanza na yasiyo na gharama. Hubadilisha kebo, soketi na kompyuta, na kwa SSD nyembamba za M.2 huchomoa na kuchomeka upya. Baadhi ya diski zilizokwama baada ya umeme kukatika huamka zikiachwa na umeme peke yake, bila kebo ya data, ili kidhibiti kipate nafasi ya kupanga upya majedwali yake. Crucial imewahi kuwashauri wateja wake waiache diski hivyo kwa dakika kama 20, waizime kwa sekunde 30, kisha warudie. Jaribio hili halifuti kitu, na inashangaza jinsi linavyorukwa.

Diski ikiwa bado inajitambulisha kwa jina lake halisi, programu huwekwa kwa njia rasmi. Viwango vya ATA na NVMe vyote vina amri za kupokea programu mpya, na watengenezaji wakubwa hutoa programu ya kompyuta inayofanya kazi hiyo kwa kubofya tu. Kiwango cha NVMe huruhusu hata nafasi saba za kutunzia matoleo tofauti ndani ya diski moja, ili toleo jipya likishindwa la zamani litumike. Kwa watumiaji wa Linux ipo programu ya hdparm, ambayo kabla ya kukubali kuandika humtaka mtu aandike maneno marefu yenye maana ya "najua ninalofanya" na "tafadhali iharibu diski yangu". Waliyoiandika hawakuwa wakitania. Mafaili kwa kawaida hubaki salama katika njia hii rasmi, lakini nakala rudufu hutangulia.

Diski iliyobaki katika hali ya awali huhitaji zana za kiwandani. Kwanza kasha hufunguliwa kwa bisibisi ndogo, na namba iliyochapwa juu ya kidhibiti husomwa. Namba hiyo haitoshi. Programu huandaliwa kwa jozi, yaani kidhibiti fulani pamoja na aina fulani ya NAND, na diski mbili za chapa moja zenye kibandiko kimoja zinaweza kuwa na NAND tofauti kwa kuwa zilitoka kiwandani nyakati tofauti. Kwa hiyo kabla ya kuandika chochote fundi hutumia programu ndogo ya kusoma utambulisho wa NAND, kisha hutafuta faili linalolingana na jozi hiyo. Faili lisilolingana ndilo lililoua diski nyingi ambazo zingepona.

Zana hizi watengenezaji hawazitoi kwa umma. Zinazopatikana kwenye intaneti nyingi zimevuja kutoka viwandani na kupitia mikono ya watu wasiojulikana, na baadhi hubeba virusi. Ni busara kuzitumia kwenye kompyuta ya pembeni isiyo na kazi za ofisi wala mtandao. Jambo jingine ni adapta: nyingi za zile zinazounganisha SSD na USB hazipitishi amri za kiwandani, hivyo zana huona diski lakini haiwezi kuiandika.

Ikiwa kidhibiti hakionekani kabisa, huenda kinakwama katika kusoma programu mbovu. Hapo fundi huunganisha nukta mbili maalumu za shaba zilizoko kwenye ubao kwa ncha za kibano, huwasha umeme, na diski ikishaonekana huziachia. Lengo ni kuzuia kidhibiti kisiifikie programu mbovu, kibaki na msimbo wake wa ndani ambao uko tayari kupokea maagizo. Nukta hizo hutofautiana kwa kila ubao. Anayebahatisha huweza kuunguza kidhibiti, na kidhibiti kikiungua habari ya kufleshi imekwisha.

Kuandika kwenyewe kuna namna mbili. Baadhi ya zana huandika eneo la programu peke yake na kumaliza kwa dakika chache. Nyingine hufanya kazi yote ya kiwandani: huijaribu kila bloku, hufuta kila kitu na kuunda orodha mpya ya bloku mbovu, jambo linaloweza kuchukua saa kadhaa. Hata katika namna ya kwanza, programu mpya inapoanza mara nyingi hujitengenezea jedwali jipya tupu, na vitabu vya maktaba yetu hubaki bila daftari. Umeme ukikatika katikati ya kazi, diski huweza kuwa katika hali mbaya kuliko ya mwanzo.

Mtaalamu wa kuokoa data hufanya kinyume. Kwa vifaa kama PC-3000 vya kampuni ya ACE Lab hupakia programu ya muda katika kumbukumbu ya kidhibiti bila kuandika lolote kwenye NAND, huunda upya jedwali kutokana na alama zilizobaki katika kurasa, kisha hunakili mafaili kwenda kwenye diski nyingine. Diski yenyewe hubaki mbovu vilevile, na hilo halimsumbui mtu. Kazi hii ni ghali, na haiwezekani kwa vidhibiti vyote. Lakini inahitaji diski ambayo hakuna aliyeifleshi kabla.

Mazingira ya Tunduma na Mkoa wa Songwe

Mkoa wa Songwe ulianzishwa mwaka 2016 kwa kumegwa kutoka Mkoa wa Mbeya, na makao makuu yake ni Vwawa. Mji wake mkubwa, Tunduma, uko mpakani na Zambia, mkabala na Nakonde, kwenye barabara inayopitisha malori ya Zambia na ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Kituo cha pamoja cha forodha cha Tunduma na Nakonde kilizinduliwa mwaka 2019. Nyaraka rasmi za forodha hukaa kwenye mifumo ya serikali, lakini ankara, orodha za mizigo na hesabu za wateja hukaa kwenye kompyuta ya wakala, na mara nyingi hazina nakala nyingine. Hali ni hiyohiyo kwa steshenari zinazoandika barua na wasifu za watu, kwa shule zinazotunza alama za wanafunzi, na kwa vyama vya msingi vya ushirika vya wakulima wa kahawa wilayani Mbozi.

Mkoa huu una msimu mmoja wa mvua, kuanzia Novemba hivi hadi Aprili, na katika miezi hiyo radi na kukatika kwa umeme huenda pamoja. Kompyuta ya mezani isiyo na UPS huzimika ghafla, nayo ndiyo hali ambayo SSD isiyo na kapasita haiipendi. Laptopu yenye betri nzima ina kinga ya asili. Kwa sababu hiyohiyo, fundi wa Tunduma anayefleshi SSD hufanya vyema kutumia laptopu iliyojaa chaji badala ya kompyuta ya mezani.

Vifaa vya kuokoa data bila kuandika kwenye diski ni vya gharama kubwa na hupatikana zaidi katika miji mikubwa. Mbeya iko kilomita zipatazo 100 kutoka Tunduma na Dar es Salaam zaidi ya 900. Diski inaweza kusafirishwa kwa basi bila kuogopa mtikisiko, kwa kuwa haina kinachozunguka. Cha kuogopa ni umeme tuli, hasa wakati wa kiangazi hewa inapokuwa kavu. Mfuko maalumu wa kuzuia umeme tuli, ule wa rangi ya fedha unaokuja na vipuri vya kompyuta, hutosha. Mfuko wa nailoni wa kawaida haufai.

Je, gharama inastahili? Kwa diski yenyewe mara nyingi haistahili. SSD ndogo mpya si ghali ikilinganishwa na siku ya kazi ya fundi, na diski iliyofleshiwa kwa zana za kiwandani hupoteza dhamana ikiwa bado ilikuwa nayo. Kufleshi kuna maana pale ambapo dhamana imekwisha, mafaili hayahitajiki au yana nakala, na NAND bado ni nzima.

Baada ya kufleshi

Diski iliyofufuka hujaribiwa kwa kuandikwa yote mpaka ijae na kusomwa tena. Programu za bure zinazofanya hivyo ni pamoja na f3 kwa Linux na H2testw, iliyotolewa na jarida la kompyuta la c't la Ujerumani, kwa Windows. Kaunta za saa na uchakavu huweza kuwa zimerudi sifuri, kwa hiyo hazielezi tena umri wa kweli. Ikiwa diski ilikwama kwa sababu NAND imechoka, itakwama tena. Inafaa kwa kompyuta ya mafunzo au ya kuchezea filamu, si kwa daftari la mauzo.

Uwezo huohuo wa kurudisha kaunta hutumiwa na walaghai. Kwa zana za kiwandani huandika programu inayodai gigabaiti 1,000 juu ya chipu zenye sehemu ndogo tu ya ukubwa huo, au huiuza diski iliyochakaa ikionesha saa sifuri. Diski ya namna hiyo hupokea mafaili vizuri mpaka nafasi ya kweli inapokwisha, kisha huanza kuyaharibu kimyakimya. Jaribio la kuijaza yote kabla ya muda wa kurudisha bidhaa kwisha huufichua udanganyifu huo.

Diski inayoonekana imekufa bado ina mafaili ya mwenyewe ndani ya chipu zake, na aliyeiokota anaweza kuwa na zana za kuyasoma. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Tanzania tarehe 1 Mei 2023, inawataka wanaokusanya taarifa za watu wazilinde, na ofisi yenye nakala za pasipoti za madereva au alama za wanafunzi iko chini yake. SSD ambayo haitatengenezwa hufunguliwa na kila chipu ya NAND huvunjwa kwa nyundo kabla ya ubao kutupwa. Kutoboa kasha kwa msumari hakutoshi, kwa kuwa katika SSD nyingi ubao hujaza nusu tu ya kasha na msumari hupita mahali patupu.